TAA ZA SIKUKUU ZA TAIFA: MJI MKUU, NGARA NA BIHARAMULO

Kila inapowadia sikukuu ya taifa miji mikuu huvaa nguo mpya. Majengo ya Serikali hupakwa chokaa, nguzo za barabarani hufungwa vitambaa vya rangi za bendera, na jioni inapoingia taa za rangi huwashwa kwenye minara na viwanja vya kumbukumbu. Kwa mkaazi wa mjini, kutazama mapambo hayo ni jambo la kutoka na watoto baada ya sala ya isha na kurejea kabla ya kulala. Kwa mwananchi wa wilaya ya mpakani, ni jambo la kusikia redioni na kusimuliwa na aliyefika.

Makala haya yanakusudia kueleza taa hizo zina maana gani, nani anayezigharamia, na kwa njia ipi sikukuu humfikia mtu aliye mbali na mji mkuu. Mfano uliochukuliwa ni wa wilaya mbili za Mkoa wa Kagera, Ngara na Biharamulo, ambazo zipo kaskazini magharibi ya nchi. Ngara inapakana na Rwanda na Burundi, na Biharamulo ndiyo njia kuu ya kuiendea. Jambo hili linawahusu wafanyakazi wa Visiwani pia, kwa kuwa Uhamiaji na Polisi ni shughuli za Muungano, na mtumishi aliyezaliwa Unguja au Pemba anaweza kupangiwa kazi Rusumo au Kabanga, vituo viwili vya mpakani vilivyomo katika Wilaya ya Ngara.

MJI MKUU UNAVYOPAMBWA

Kwa muda mrefu sherehe kuu za taifa zilifanyika Dar es Salaam. Mgeni aliyefika huko wakati wa sikukuu alikuwa na mengi ya kutazama kwa miguu. Upo Mnara wa Saa, uliojengwa mwaka 1961 kwa kumbukumbu ya Dar es Salaam kupewa hadhi ya jiji. Ipo Sanamu ya Askari, iliyosimamishwa mwaka 1927 kuwakumbuka askari na wapagazi wa Kiafrika waliokufa katika Vita Vikuu vya Kwanza. Na katika Viwanja vya Mnazi Mmoja upo Mnara wa Mwenge, kumbukumbu ya Uhuru wa Tanganyika.

Uamuzi wa kuhamishia makao makuu Dodoma ulipitishwa mwaka 1973, lakini utekelezaji wake ulichukua miaka mingi. Serikali ilianza kuhamia huko kwa kasi mwaka 2016. Tarehe 9 Disemba 2017 sherehe za Uhuru zilifanyika Dodoma kwa mara ya kwanza, na tarehe 26 Aprili 2018, siku ya Muungano, ikatangazwa kwamba Dodoma ni jiji. Tokea hapo anayekwenda kutazama mji mkuu huonyeshwa Viwanja vya Nyerere vilivyo katikati ya mji, Ukumbi wa Bunge uliojengwa kwa sura ya msonge, Mji wa Serikali huko Mtumba, na kwa mbali Ikulu ya Chamwino iliyofunguliwa mwezi wa Mei 2023.

Wasomaji wa Unguja hawahitaji kuelezwa sana furaha ya matembezi ya namna hii. Wanaijua Michenzani, ambako Mnara wa Kumbukumbu ya Mapinduzi ulijengwa kuadhimisha miaka 50 ya Mapinduzi mwaka 2014. Wazee bado wanaikumbuka Forodhani kila inapotajwa Beit al-Ajaib, jumba lililojengwa mwaka 1883 na ambalo ni miongoni mwa majengo ya mwanzo kabisa ya Afrika Mashariki kutiwa taa za umeme. Jumba hilo lilikuwa likitazamwa usiku kwa sababu ya taa zake zenyewe, mpaka sehemu yake ilipoporomoka tarehe 25 Disemba 2020.

SAFARI YA MTU WA NGARA

Mwananchi wa Ngara anayetaka kuyaona hayo kwa macho yake anakabiliwa kwanza na njia. Kutoka Ngara mpaka Dar es Salaam ni zaidi ya kilomita 1,200, na mpaka Dodoma ni zaidi ya kilomita 800. Basi hupita Benaco, Nyakahura na Lusahunga, likafika Nyakanazi katika Wilaya ya Biharamulo, kisha likashika njia ya Kahama, Nzega na Singida. Kuhamia kwa Serikali Dodoma kumempunguzia mtu huyu karibu theluthi moja ya safari, lakini bado ni safari ya siku nzima kwenda na siku nzima kurudi, pamoja na nauli, malazi na chakula. Familia ya mkulima haiwezi kuitumia fedha hiyo kwa kutazama taa.

Njia yenyewe haikuwa salama siku zote. Kwa miaka mingi baada ya 1994, magari yaliyopita katika misitu ya Biharamulo yalilazimika kwenda kwa msafara, askari wenye silaha wakiwemo ndani yake, kwa kuogopa majambazi.

Mwaka huo wa 1994 unastahili kukumbukwa hapa. Tarehe 26 Aprili 1994 Muungano ulitimiza miaka 30. Siku mbili baadaye, tarehe 28 Aprili, watu waliokuwa wakiikimbia Rwanda walianza kulivuka daraja la Rusumo kuingia Ngara, na ndani ya saa zipatazo 24 idadi yao ilikadiriwa kufika robo ya milioni. Uwanda wa Benaco, uliopewa jina la kampuni ya ujenzi wa barabara, ukageuka kambi kubwa iliyojulikana dunia nzima. Wenyeji wa Ngara waliwapokea wageni waliowazidi mno kwa idadi, misitu yao ikakatwa kuni na maji yao yakagawanywa. Wengi wa wakimbizi hao walirejea kwao mwezi wa Disemba 1996. Wilaya iliyobeba mzigo huo kwa jina la taifa haiwezi kuhesabiwa kuwa mgeni katika sikukuu za taifa, hata ikiwa taa hazifungwi katika barabara zake.

TAA INAYOSAFIRI

Palipo na umbali kama huo, Tanzania ina desturi yake: mtu asipoweza kuiendea taa ya sikukuu, taa humwendea mtu. Hiyo ndiyo kazi ya Mwenge wa Uhuru.

Asili yake inafahamika. Mwezi wa Oktoba 1959 Mwalimu Julius Nyerere alieleza katika Baraza la Kutunga Sheria kwamba watu wa Tanganyika wangependa kuwasha taa na kuiweka juu ya Mlima Kilimanjaro, ili nuru yake ivuke hata mipaka ya nchi. Usiku wa kuamkia tarehe 9 Disemba 1961 azma hiyo ilitimia, pale Luteni Alexander Nyirenda alipoufikisha Mwenge na bendera kileleni. Mwaka 1964 zikaanza mbio za Mwenge, na tokea hapo umekuwa ukipita mikoa ya Bara na ya Visiwani, ukikimbizwa na vijana wa pande zote mbili za Muungano. Mwaka 2020 mbio hizo zilisimamishwa kwa sababu ya maradhi ya korona, na mwaka uliofuata zikaendelea.

Mbio za mwaka 2021 zinafaa kutazamwa kwa makini. Ziliwashwa Makunduchi, Mkoa wa Kusini Unguja, mwezi wa Mei, na zikazimwa Chato tarehe 14 Oktoba, siku ya kumbukumbu ya Mwalimu Nyerere. Chato leo ni wilaya ya Mkoa wa Geita, lakini kabla ya mgawanyo wa mipaka ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Biharamulo. Kwa maneno mengine, moto uliotoka katika kijiji cha pwani ya Unguja ulimalizia safari yake katika ardhi ya Biharamulo ya zamani, kando ya Ziwa Victoria. Mwaka 2022 kilele kilifanyika katika Uwanja wa Kaitaba, Bukoba, makao makuu ya Mkoa wa Kagera. Mtu wa Ngara au Biharamulo aliyetaka kuhudhuria sherehe ya kitaifa mwaka huo hakuhitaji kutoka nje ya mkoa wake.

Mwenge unapoingia wilayani hulala humo usiku mmoja, na wananchi hukesha nao kwa ngoma na nyimbo. Asubuhi hutembezwa katika miradi. Kisima huzinduliwa, jiwe la msingi la zahanati huwekwa, madarasa hukaguliwa. Kiongozi wa mbio huuliza hesabu na kutazama ubora wa kazi, na imetokea mara nyingi akakataa kuzindua mradi ambao hakuridhika nao. Hapa ndipo taa hii inapotofautiana na taa za mapambo. Taa ya mnara wa mjini humulika mnara, na Mwenge hutakiwa kumulika kazi iliyofanywa na fedha iliyotumika.

Hata hivyo, si yote yasemwayo juu ya Mwenge ni sifa. Kwa miaka mingi umekuwapo mjadala, hata ndani ya Bunge, juu ya gharama zake na juu ya michango wanayoombwa watumishi na wananchi. Ni wajibu wa kila mtendaji kukumbuka kwamba mchango wa hiari si kodi. Mzee wa kijijini anayetakiwa kutoa fedha bila ya stakabadhi, au mwalimu anayekatwa mshahara bila ya ridhaa yake, atakuja usiku ule akiutazama moto huku moyo wake umezimika.

TAA ZA SIKUKUU NA TAA ZA KILA SIKU

Lipo jambo jengine ambalo mtu wa mjini hulisahau anapotazama mapambo. Ili taa za rangi ziwake usiku wa sikukuu, lazima uwepo umeme wa siku nyengine zote. Kwa Ngara na Biharamulo hilo halikuwa jambo la kudhaniwa tu kuwa lipo.

Kwa miaka mingi miji ya wilaya hizo ilikuwa nje ya gridi ya taifa. Umeme uliokuwapo ulitoka katika mashine za dizeli, na dizeli hiyo ililetwa kwa magari kwa njia ile ile ndefu iliyokwishaelezwa. Mashine ilipoharibika au mafuta yalipochelewa, mji ulirudi kwenye kandili na koroboi. Vijijini, ambako nguzo zilikuwa hazijafika, hali hiyo ndiyo iliyokuwa ya kawaida.

Mabadiliko yalikuja kwa njia mbili. Ya kwanza ni laini ya msongo wa kilovolti 220 iliyojengwa kutoka Geita hadi Nyakanazi, ambako kimejengwa kituo cha kupozea umeme, na hivyo gridi ikaifikia Wilaya ya Biharamulo. Ya pili ni maporomoko ya Rusumo katika Mto Kagera. Mahali pale pale walipovuka wakimbizi mwaka 1994 pamejengwa mtambo wa maji wa megawati 80, unaomilikiwa kwa pamoja na Tanzania, Rwanda na Burundi. Umeme wake hugawanywa sawa, na kila nchi hupata megawati 26 na ushei. Sehemu ya Tanzania huingia katika gridi kupitia Nyakanazi. Aidha, daraja jipya la Rusumo, lililofunguliwa tarehe 6 Aprili 2016 na marais wa Tanzania na Rwanda, limerahisisha njia ya magari makubwa. Wilaya iliyokuwa ikisubiri dizeli kutoka pwani sasa imo katika zile zinazotoa umeme kwa taifa.

Wakaazi wa Unguja wanaweza kuipima thamani ya jambo hilo kwa uzoefu wao wenyewe. Kuanzia mwezi wa Disemba 2009 hadi Machi 2010, baada ya hitilafu katika njia ya umeme inayotoka Bara kwa waya wa baharini, kisiwa kizima kilikosa umeme wa gridi. Miaka 46 ya Mapinduzi, tarehe 12 Januari 2010, ilitimia ndani ya giza hilo. Wenye uwezo waliwasha jenereta, na wasiokuwa nao waliwasha mishumaa. Maji yalikuwa shida kwa sababu pampu zilisimama. Hakuna aliyesema wakati huo kwamba kinachokosekana ni mapambo. Kilichokosekana kilikuwa maji, barafu ya samaki na mwanga wa mwanafunzi. Waya mpya wenye uwezo wa megawati 100 ulianza kutumika mwaka 2013. Miezi ile mitatu ya Unguja ilikuwa ndiyo miaka mingi ya Ngara.

GHARAMA NA KIPIMO CHAKE

Fedha ya sherehe za taifa ni ya wote, na kwa hivyo anayelipa ni pamoja na yule asiyeziona taa. Ndiyo maana si ajabu kwamba zaidi ya mara moja Serikali ya Muungano imeamua kuiacha sherehe na kuipeleka fedha mahali pengine. Mwaka 2015 Rais John Magufuli, ambaye aliwahi kuwa Mbunge wa Biharamulo Mashariki, alifuta sherehe za tarehe 9 Disemba. Siku hiyo ikawa ya usafi nchi nzima, na shilingi bilioni 4 zikaelekezwa kupanua barabara ya Mwenge hadi Morocco, Dar es Salaam. Mwaka 2018 fedha ya sherehe ilielekezwa kujenga Hospitali ya Uhuru huko Chamwino, Dodoma. Mwaka 2022 Rais Samia Suluhu Hassan aliagiza shilingi milioni 960 zijenge mabweni katika skuli nane za msingi kwa ajili ya watoto wenye mahitaji maalumu.

Wapo waliofurahi na wapo waliosikitika, na kila upande una hoja. Taifa lisilosherehekea husahau lilikotoka. Watoto ambao hawajapata kuona halaiki, gwaride na mji uliopambwa wanakosa picha ya nchi yao wanayoweza kuibeba moyoni. Lakini sherehe isiyoacha kitu huondoka na taa zake. Kipimo kinachofaa kwa mtendaji anayeandaa bajeti ya mapambo, awe mjini au wilayani, ni kujiuliza kitu gani kitabaki tarehe 10 asubuhi.

Kubana matumizi si lazima kuwe kuzima taa. Mfano mdogo wa hesabu unatosha. Mkufu wa globu 100 za kizamani, kila moja ya wati 15, hutumia wati 1,500. Ukiwashwa saa tano kila usiku kwa siku tatu, hutumia uniti 22 na nusu. Mkufu wa taa 100 za LED za wati moja moja, kwa muda ule ule, hutumia uniti moja na nusu tu. Sherehe ni ile ile, na mwanga unatosha.

MAMBO YA KUZINGATIA

Watumishi na wananchi wanaobahatika kufika mji mkuu wakati wa sikukuu, pamoja na wale wanaoandaa mapambo katika ofisi zao, wanakumbushwa haya yafuatayo:

(a) Bendera ya Taifa si pambo. Hupandishwa asubuhi na kuteremshwa jioni, na matumizi yake yanalindwa na Sheria ya Nembo za Taifa. Kwa mapambo ya usiku hutumika vitambaa vya rangi zake, si bendera yenyewe.

(b) Minara ya kumbukumbu haipandwi wala haiegemezwi biashara. Baadhi yake imewekwa kwa ajili ya watu waliokufa.

(c) Nyaya za taa za mapambo mara nyingi hupita chini, mahali wanapofika watoto. Mzazi amshike mkono mtoto wake, hasa ikiwa mvua imenyesha.

(d) Si kila jengo linaruhusiwa kupigwa picha. Penye ulinzi, aulizwe askari kwanza.

(e) Anayesafiri kutoka wilaya za mbali akate tiketi mapema na kutoa taarifa kwa mwenyeji wake, kwa kuwa siku za sikukuu vyombo hujaa na nyumba za wageni hupanda bei.

(f) Anayekusanya mchango wowote kwa jina la sherehe au la Mwenge atoe stakabadhi, na anayetoa aidai.

Kwa ufupi, taa za mji mkuu ni amana ya watu wote, na uzuri wake haupimwi kwa wingi wa globu. Mwananchi wa Ngara anayekaa nyumbani usiku wa tarehe 9 Disemba, mwanawe akisoma mezani kwa taa inayotoka Rusumo, naye yumo katika sherehe, ijapokuwa hakuuona mnara. Na mtumishi wa Serikali aliyepo Dodoma au Unguja, anapoitazama taa ya rangi ikiwaka juu ya jengo la ofisi yake, amkumbuke mwananchi huyo, kwani sehemu ya mafuta ya taa ile imetoka mfukoni mwake.